Jiwe la Mjomba

Mwaka 2012, Kyerwa ilipomegwa kutoka Karagwe ikawa wilaya, mimi nilikuwa kidato cha tatu Mwanza na nilishajihesabu mwandishi. Msicheke. Nilikuwa na kaunta buku zima limejaa hadithi ya ufalme usiokuwepo kwenye ramani yoyote. Humo mlikuwa na jiwe jeusi linalong'aa. Anayelimiliki husikia maneno yanayosemwa nchi ya mbali, lakini wanaokaa nalo karibu linawanyonya pumzi taratibu mpaka wanakwisha. Washikaji darasani waligombania kulisoma daftari lile, nami kichwa kikavimba.

Ukurasa wa kwanza mtumwa analichimbua jiwe pangoni, analikabidhi kwa mfalme, anakufa. Mistari mitatu, kwisha. Nilikuwa na haraka ya kufika kwenye vita.

Likizo ya Desemba nikapanda meli usiku, asubuhi nikashuka Bukoba, nikashika basi hadi Omurushaka, halafu gari dogo la kubanana hadi kwa mjomba, Kyerwa. Mjomba alikuwa mchimbaji wa bati miaka mingi. Nilimkumbuka mtu wa mikono kama shoka. Niliyemkuta alikuwa anashinda kwenye kigoda mbele ya migomba, akitafuna kahawa na kukohoa. Kutoka kwenye kigoda mpaka mlangoni alipumzika mara mbili.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mpwa wangu. Nasikia umekuwa mtu wa vitabu. Hebu nisomee."

Nikamsomea, tena kwa sauti ya mtangazaji wa redio! Alisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza. Kisha akaingia ndani, akarudi na fundo la kitambaa. Ndani yake kulikuwa na jiwe dogo kuliko yai la kuku, jeusi, lenye pande bapa zinazometa kama kioo. Aliponiwekea kiganjani, mkono ukashuka wenyewe. Zito, bwana! Jiwe la kawaida la ukubwa ule halifikii hata nusu ya uzito huo.

"Hilo ndilo bati kabla halijayeyushwa," akasema. "Sasa niambie, yule uliyemuua mwanzoni, alikuwa na mke?"

Nikakosa jibu. Sikuwa nimempa hata jina.

Niliporudi shule nikaanza kusoma habari za jiwe lile, na kila nilichosoma kilinipiga butwaa. Jina lake kasiteriti, uzito wake ni kama mara saba ya maji. Mawe ya vilima vile yana umri wa kama miaka bilioni moja, na wanajiolojia wa dunia nzima wameuita ukanda ule kwa jina letu, Karagwe-Ankole. Bati lake huyeyuka kwa nyuzi 232 tu, ndiyo maana mafundi hulitumia kulehemu nyaya na vipande vya redio, kompyuta na simu. Kumbe jiwe la kumfanya mtu asikie maneno ya nchi ya mbali lipo, na mjomba wangu alikuwa akilitoa ardhini kwa nyundo na tindo!

Hata ufalme tulikuwa nao. Mwaka 1861 Speke na Grant walipokelewa Karagwe na mfalme Rumanyika, na kule Bweranyange palitunzwa hazina ya kifalme, yakiwemo mapambo ya ng'ombe wadogo yaliyofuliwa kwa chuma. Mimi nilikuwa nimebuni mfalme mwenye jina la Kizungu, ndevu nyeupe na ngome kwenye theluji. Theluji ambayo sijaiona hadi leo.

Na hatari? Hiyo pia ipo, ya aina mbili. Ya kwanza inajulikana sana. Ng'ambo, mashariki mwa Kongo, madini kama haya yamewalisha watu wenye bunduki. Mwaka 2010 Marekani ikatunga sheria ya kuyataka makampuni yaseme kama bati lao limetoka Kongo au nchi inayopakana nayo. Tanzania inapakana nayo. Hivyo hata jiwe la mtu asiyewahi kushika bunduki likawa la kuulizwa maswali.

Hatari ya pili haina kelele. Mara nyingi bati hukaa ndani ya mwamba mweupe, kwazi, na kulifikia lazima uuvunje. Vumbi lake laini likiingia mapafuni halitoki tena. Linaacha makovu, pumzi inapungua mwaka hadi mwaka, na kifua kikuu kinapata njia rahisi. Dawa ya kuyafuta makovu hayo hakuna. Kinga ipo: kulowesha mwamba kwa maji, kuingiza hewa shimoni, kuvaa barakoa ya maana. Mjomba alikuwa anajifunga kitambaa. Alitibiwa kifua kikuu, akapata nafuu, kikarudi. Alikufa mwaka 2014.

Nilichobuni kwenye daftari kwa kujifurahisha kilikuwa kinatokea kifuani mwake, na alinisikiliza mpaka mwisho. Hakunigombeza, aliuliza swali moja tu.

Wewe mwenzangu unayeshika kalamu, sikukatazi majoka wala wachawi. Mimi mwenyewe bado nayapenda. Ila nimeshaiandika upya ile hadithi mara nne, na kila mara nakwama ukurasa wa kwanza. Mtumwa sasa ana jina. Ana mke, ana shamba la migomba, ana mpwa mwenye maneno mengi. Anashuka shimoni asubuhi amejifunga kitambaa usoni, na mimi sitaki ashuke. Mfalme anasubiri huko ukurasa wa pili.

Acha asubiri.