Nani Aonje Juisi?

Kila Ramadhani, baada ya Alasiri, meza ya jikoni kwetu Kibokoni hugeuka Marikiti ndogo: tikiti, paipai, maembe, ndizi, mabungo. Kazi ya matunda ni yangu tangu nina miaka 12, na ina sheria zake. Ndizi hukatwa mwisho zisije zikawa nyeusi. Paipai hukamuliwa ndimu. Sahani ya tende hutangulia yote mezani. Na mwenye kisu halambi vidole.

Hiyo ya mwisho ndiyo ngumu. Maji ya embe yanakutiririkia hadi kiwiko, na Magharibi bado ni mbali.

Mwaka mmoja nilikata matunda hayo nami sijafunga. Nilikuwa kwenye siku zangu. Sheria haina utata: mwenye hedhi hafungi wala haswali; swala hazilipi, saumu atazilipa baadaye. Hata akishinda na njaa, hiyo si saumu. Lakini nina kaka watatu, na aibu. Basi nikawa naamka nao kula daku, nashinda midomo mikavu, nikizidiwa najifungia bafuni nakunywa maji ya mfereji kwa kiganja.

Siku ya tatu tulitengeneza juisi ya mabungo. Nyanya akauliza kwa sauti, "Nani aonje sukari hapa?"

Aliyefunga akiwa na haja anaweza kuonja kwa ncha ya ulimi kisha akatema, ila nyanya hapendi michezo hiyo.

"Mimi nimefunga," nikajibu, na hakuna aliyenitaja.

Nyanya akaniangalia. Kaka yangu mkubwa alikuwa amesimama mlangoni.

"Mwanangu, Mungu mwenyewe amekupa ruhusa. Wewe unamficha nani?"

Akanisogezea gilasi. Uso uliniwaka. Nilikunywa, si kwa ncha ya ulimi, nilikunywa yote. Kile kiu cha siku tatu, we acha tu.

"Sukari bado," nikasema.

Kaka hakuinua macho kwenye simu. "Isizidi lakini. Ya jana ilikuwa shira."

Basi. Ni hayo tu yaliyotokea, baada ya miaka yote ya kujificha.

Siku hizi nikikata matunda mimi ndiye huuliza, "Nani hajafunga, aje aonje?" Binamu yangu mdogo huja, kaka zangu wamo humo humo, akanyoosha mkono na kuchagua kipande kikubwa cha embe.