Nipe ya Kizamani

Jina la kokteli ya Old Fashioned lilitoka kwa wanywaji waliochoka kuongezewa. Kufikia miaka ya 1870, wahudumu wa baa za Marekani walikuwa na vileo vingi vya Ulaya vya kuchezea: curaçao, maraschino, absinthe. Kila mmoja akatia hiki na kile ili glasi yake isifanane na ya jirani. Wateja wakaanza kusema: nipe ya kizamani.

Ya kizamani ilijulikana. Tarehe 13 Mei 1806, gazeti moja la mji wa Hudson, jimbo la New York, lilimjibu msomaji aliyetaka kujua kokteli ni kitu gani: kileo kikali, sukari, maji, na dawa chungu ya mitishamba. Basi.

Hicho cha nne ndicho kinachonifikirisha. Dawa chungu mashuhuri kuliko zote, Angostura, ilitengenezwa mwaka 1824 na Johann Siegert, daktari Mjerumani wa jeshi la Simón Bolívar huko Venezuela, kwa ajili ya matumbo ya askari. Ukiilamba peke yake utakunja uso. Lakini dondosha matone mawili matatu juu ya kipande cha sukari, tia maji kidogo, ponda mpaka iyeyuke, mimina mililita 60 za wiski ya bourbon, weka bonge kubwa la barafu lisiloyeyuka upesi, koroga taratibu, kisha minya ganda la chungwa juu yake. Bila yale matone, unabaki na wiski yenye sukari, na ulimi unaichoka mapema.

Naamini uhusiano mwingi kati yetu unaharibika hivyohivyo: tunaondoa neno chungu, kisha pengo lake tunalijaza utamu. Mshenga anasifu pande zote mbili na kuficha alilolijua. Mzazi ananunua zawadi pale alipopaswa kukanya. Rafiki anapongeza kazi anayoiona mbovu. Matone mawili ya ukweli, yakisemwa mapema na kwa upendo, yangetosha.

Wale wateja hawakuogopa mapya; walitaka kila kilichomo kwenye glasi kifanye kazi yake. Kwa hiyo, wewe unayekunywa, ukiletewa Old Fashioned iliyojazwa vipande vya matunda na soda, irudishe kwa adabu na uombe itengenezwe upya.