Jani la Saa Kumi Alfajiri

Kamoya Kimeu alipofariki Julai 2022, wengi walimkumbuka kwa Kijana wa Turkana, mifupa ya mtoto aliyeishi takriban miaka milioni 1.5 iliyopita, ambayo kipande chake cha kwanza kilionwa na jicho la Kamoya huko Nariokotome mwaka 1984. Wengine walikumbuka medali aliyokabidhiwa na Rais Reagan mwaka uliofuata. Miguu yake haikutajwa sana. Mtu yule aliijua nchi kame ya Turkana kwa kuikanyaga polepole, macho chini. Habari za msiba zilimkuta mwenye kuandika haya yuko Isiolo, magoti yakiwa yamekwisha kumstaafisha, na ndipo aliposhika kalamu. Hapa atajiita mtembezi, maana kazi aliyoifanya haikuwahi kuwa na cheo kingine kinachoeleweka.

Utoto wake hauna mengi. Alizaliwa Isiolo, kwa baba dereva wa lori la Moyale, enzi ambazo magari yalingojeana kizuizini ili yapande kaskazini kwa msafara wenye askari. Sekondari aliiacha kwa kukosa karo, akawa utingo kwenye lori la baba.

Mwaka 1976 UNESCO ilianzisha Marsabit mradi wa kuchunguza nchi kame, uliojulikana kwa kifupi kama IPAL, na tangu hapo haikuwa ajabu kukutana na mtafiti mahali ambapo zamani ungekutana na ngamia tu. Wengine walikuwa wa mradi huo, wengine walikuja na safari zao wenyewe. Mtembezi aliajiriwa na kundi mojawapo la hao wa pili, ambalo hatalitaja. Kazi yake ilikuwa kubeba mbao za kubania mimea, kubadilisha magazeti yaliyolowa utomvu, na kunyamaza.

Aliyemfundisha kazi hakuwa mtafiti. Alikuwa mzee wa Kirendile, mtu wa upande wa Korr, aliyekodiwa pamoja na ngamia wake wawili wa kubeba maji. Ujana wake aliumaliza kwenye fora, zile kambi za mbali ambako vijana huchunga ngamia miezi na miezi wakiishi kwa maziwa. Alitembea amevaa akala, hakuharakisha, wala hakupita mti bila kuutazama chini kwanza: mgunga kwa ajili ya nyoka na kivuli, mswaki kwa ajili ya nyayo za waliolala hapo usiku. Kijana wa Isiolo alipouliza kwa nini wanatazama mavi ya choroa badala ya kumtafuta choroa mwenyewe, mzee alimjibu kwa Kiswahili chake cha sokoni, "Choroa anakimbia. Mavi hayakimbii."

Siku moja adhuhuri, katika uwanda wa Kaisut, alimpa mtembezi jani la kijiti kifupi cha kijivu ambacho wataalamu hukiita Duosperma eremophilum. Lilisagika kiganjani likawa unga. Usiku ule, kama saa kumi alfajiri, akamwamsha kwa kumgusa mguu kwa fimbo, akampeleka kwenye kijiti kilekile. Mawe yalikuwa makavu, umande haukuwapo. Lakini jani lilipokunjwa halikuvunjika. Lilipinda, likawa baridi na laini kama ngozi ya ndani ya shavu. Mzee akaonyesha nyayo mbichi za kwato pembeni, na matawi yaliyokatwa kwa meno. Hakueleza zaidi.

Ugomvi ulianza asubuhi. Kiongozi wa safari alikuwa akipima unyevu wa majani ili kujua wanyama wa pale wanapata nini. Aliyachuma mchana, kwa sababu Land Rover iliondoka kambini baada ya kifungua kinywa na kurudi kabla ya giza. Mtembezi alimweleza waliyoyaona. Kiongozi alicheka, akasema vijiti vimekufa na namba zake ni hizo. Mzee aliposikia, alisema, "Amepima maziwa baada ya ndama kushiba." Ripoti iliandikwa kwa namba za mchana. Imo kabatini mahali fulani hadi leo, na mtembezi hajawahi kuisamehe.

Kilichomuuma zaidi alikikuta baadaye, katika maktaba moja ya Nairobi. C. Richard Taylor, mwanafiziolojia aliyefanya utafiti wake Kenya, alikuwa amechapisha jambo lilelile katika jarida la Nature mwaka 1968, kabla ya kiongozi yule kukanyaga Kaisut. Majani ya kijiti hicho mchana yana maji asilimia 1 hivi. Usiku hewa hupoa, unyevunyevu wake wa kadiri hupanda, na jani kavu huunyonya mpaka maji yakafikia karibu asilimia 40 ya uzito wake. Choroa anayekula usiku anakula na kunywa kwa pamoja. Taylor huyo alionyesha pia kwamba choroa aliyekosa maji huacha joto la mwili wake lipande hadi nyuzi 45 za selsiasi badala ya kutoka jasho, kisha hulitoa usiku. Ubongo hauungui, kwa sababu damu inayoelekea huko hupozwa kwanza na ile inayotoka puani.

Mtembezi ana rafiki, mtaalamu wa mimea aliyestaafu naye, ambaye hadi sasa hakubali. Hoja yake ni kwamba choroa hula usiku kwa kukimbia jua tu, na maji huyapata kwenye mizizi na matikiti mwitu. Huenda choroa hafanyi moja kati ya hayo mawili bali yote. Lakini hoja yake nyingine, ya kwamba choroa hajaonekana akikichagua kijiti kile, haina nguvu kwa mtu ambaye miaka yote amelala usiku. Nyayo husomwa kabla upepo haujaamka. Ikifika saa tatu asubuhi, nusu ya ushahidi imepeperushwa, nusu imekanyagwa na mbuzi.

Tena si choroa peke yake. Pundamilia wa Grevy, wenye milia myembamba isiyofika tumboni, walikadiriwa kuwa 15,000 hivi mwishoni mwa miaka ya 1970. Leo hawafiki 3,000. Jike anayenyonyesha hawezi kukaa siku nyingi bila maji, na visima mchana ni vya mifugo, kwa hiyo mara nyingi hunywa usiku. Anayekaa kisimani saa sita mchana ataapa kwamba hawapo. Haki itendeke: mwaka 2016 watu wa kawaida walizunguka kaskazini kwa magari na kamera, wakapiga picha za milia, ambayo kila mnyama ana yake, na hesabu ikapatikana ya takriban 2,350. Kazi nzuri. Ila wanaojua wanyama hao wamelala wapi ni walinzi wa vijijini, wakiwamo akina mama wa Kisamburu, wanaozunguka kwa miguu.

Sasa lami imefika Moyale, karibu na Ziwa Turkana mitambo ya upepo 365 inazunguka, na vijana wenye shahada huleta droni. Mtembezi amewasikia wakisema kutembea ni mchezo wa watalii. Wamesahau kwamba wasafiri wa Ulaya, Teleki na von Höhnel, walilifikia ziwa hilo Machi 1888 kwa miguu ya wapagazi wa Unguja na Pwani, na kwamba Jumbe Kimemeta, mfanyabiashara wa Pangani, aliwaongoza sehemu ya njia. Waswahili wametembea huku kabla babu za marubani wa droni hawajazaliwa.

Wengine hutembea, lakini vibaya. Huja na raba zinazotobolewa na miiba ya mgunga kabla ya chai ya saa nne, na maji huyanywa kwa vifuniko, wakidhani wanayatunza. Jamani! Edward Adolph na wenzake wa Chuo Kikuu cha Rochester walilipima jambo hili jangwani wakati wa Vita Kuu ya Pili, na kitabu chao kikatoka mwaka 1947: maji yaliyobaki chupani hayapunguzi jasho hata tone. Kinachopunguza jasho ni kukaa kivulini mchana na kutembea usiku. Mzee wa Korr hakukisoma kitabu hicho, lakini alikunywa akiona kiu na kulala chini ya mgunga toka saa tano hadi saa kumi jioni.

Kwa hiyo, kijana uliyeajiriwa mwaka huu kuchunguza mimea ya Marsabit, mwache dereva alale. Toka saa kumi alfajiri pamoja na mtu wa mahali pale, mlipe sawasawa, chuma jani, kisha rudi kwenye kijiti hichohicho adhuhuri. Karatasi ya kielelezo ina nafasi ya mahali, mwinuko, tarehe na jina la mkusanyaji. Ongeza saa.