Sarafu Tano za Kilwa

Mfanyakazi mwenzangu hapa Sydney kaniuliza tukiwa kwenye chai, tena hacheki, kama ni kweli watu wa kwetu ndio waliogundua Australia. Kasoma habari za sarafu za Kilwa. Nimecheka, halafu nikaudhika, na hadi leo sijatulia.

Mwaka 1944, vita ikiwa imepamba moto, askari wa rada aitwaye Maurie Isenberg alikwenda kuvua kwenye visiwa vya Wessel, kaskazini kabisa mwa nchi hii, akaokota sarafu 9 mchangani. Akazitia koponi. Mwaka 1979 ndipo alipozipeleka zichunguzwe: 4 za VOC, kampuni ya Waholanzi, na 5 za shaba, za masultani wa Kilwa. Leo zimehifadhiwa na makumbusho ya Powerhouse. Mwaka 2013 mwanaanthropolojia Ian McIntosh aliongoza msafara hadi pale, mkononi ana ramani ambayo marehemu Isenberg aliitia alama ya X. Msafara mzima! Kwa senti tano!

Mjomba wangu kakulia Kilwa Kisiwani. Anasema mvua kubwa ikikatika, sarafu kama hizo zilikuwa zikiibuka kwenye magofu, nao watoto wakiziokota na kuwauzia wageni kwa hela ya andazi. Nani aliandika hayo? Nenda kaulizie ofisini uambiwe mhusika ametoka kidogo.

Zile tano zilifikaje Wessel, hakuna ajuaye. Shaba ya Kilwa haikuwa na thamani mbali na mwambao, kwa hiyo si fedha ya kwenda kununulia kitu ng'ambo. Wapo wanaomtaja Mreno: aliipora Kilwa 1505, akaitwaa Malacca 1511, na Timor akafika, baharia mmoja angeweza kuwa nazo mfukoni. Wengine wanawataja Wamakassar wa Sulawesi, waliokuja huku kuvuna majongoo bahari. Wayolngu, wenyeji wa visiwa vile, wana masimulizi ya wageni waliotoka baharini, na mimi ningeanza kuwauliza hao kabla ya profesa yeyote.

Nilimpigia mjomba kumweleza yote haya.

"Ushahidi gani tena wanautaka? Si sarafu hizo?"

Nikamwambia huenda ni Mreno aliyezibeba.

"Mreno!" Akasonya, akaniuliza kama ile hela ya bati nimeshaituma.