Ekipi ya Masomo Inafundisha Nini?



Wazazi wengi wananiuliza: "Pasta, mupira utamuletea mutoto wangu nini? Mutu anakula mupira?" Ninawaelewa. Feza ya masomo ni ngumu kupata, na viatu vikipasuka uwanjani, ni mama anayelia.

Lakini mwaka huu nilifuata ekipi ya vijana wa masomo hapa kwetu toka mchezo wa kwanza mpaka wa mwisho. Walianza kumi na nane. Katikati ya mwaka watano waliacha ekipi, wakaacha kalasi vilevile, wakaenda kuchimba almasi. Mmoja wao ndiye alikuwa kipa. Basi wakamweka mlangoni kijana mdogo wa kalasi ya tatu, na siku ile wakafungwa mabao sita. Watu walicheka sana. Juma lililofuata walirudi uwanjani, na yule mdogo akasimama tena pale pale. Mwisho wa mashindano walikuwa wa ine. Kikombe hawakupata. Lakini wote kumi na watatu waliingia kwenye mitihani.

Kuna ekipi nyingine ya masomo ambayo habari yake inafaa kujulikana. Mwaka 1939, kule Elisabethville, mji unaoitwa leo Lubumbashi, wamonaki Wabenedikto walioongoza masomo ya Saint-Boniface waliunda ekipi ya mpira kwa wanafunzi. Waliwafikiri zaidi vijana ambao hawakuelekea kuwa mapadri. Ekipi iliitwa Saint-Georges. Mwaka 1944 iliingia katika mashindano makubwa, na mwisho wa msimu ikawa ya tatu. Ya tatu tu!

 Nyuma yake ikaitwa Saint-Paul, jina la yule Mtume aliyewaandikia Wakorinto juu ya wakimbiaji. Halafu wamisionere waliiacha, ikaitwa Englebert, jina la kompani ya mipira ya motokari, na mbele yake wakaongeza Tout Puissant, maana yake Mwenye Nguvu Zote. (Mimi mchungaji ninajua jina lile ni la nani, lakini watu wa mpira wana maneno yao!) Mwaka 1966 ilishinda ubingwa wa inchi na Kikombe cha Kongo. Mwaka 1967 na 1968 ikachukua kikombe cha klabu bingwa za Afrika. Mwaka 1969 na 1970 ilifika fainali tena, ikashindwa mara zote mbili. Ndiyo hii TP Mazembe. Ilichukua tena kikombe kile mwaka 2009, 2010 na 2015. Na Desemba 2010, kule Abu Dhabi, ikawa ekipi ya kwanza ya Afrika kucheza fainali ya klabu za dunia. Inter Milan iliifunga 3-0.

Hesabu miaka, ndugu kijana. Toka 1939 mpaka 1967 ni miaka 28. Wale vijana wa 1944 hawakuvaa jezi ya 1967. Walipanda, wengine wakavuna.

Sisemi kwamba mtoto wako atacheza Mazembe. Ninasema msimu unamfundisha kijana kitu ambacho shimo la almasi halimfundishi: kurudi Jumamosi baada ya kufungwa Jumamosi. Shimoni kila mmoja anatafuta bahati yake ya leo. Uwanjani ukikosa wewe, wenzako kumi wanateseka.

Basi, wazazi, fanyeni mapatano na watoto: asiyeingia kalasi, hachezi. Halafu nendeni mukawatazame, hata mara moja. Baba akisimama kando ya uwanja, mtoto anaona.

Na ninyi ndugu mnaokaa kwenye machimbo, kijana wa miaka kumi na sita akifika kwenu kuomba kazi, musimuulize kwanza nguvu zake. Mumuulize ameacha kalasi gani, na ni nani anasimama leo pahali pake.