Pwagu na Pwaguzi Walipofika Makandana

Mjukuu wangu, ambaye kicheko chake hukipata kwenye simu kwa vipande visivyofika hata dakika, aliniuliza juzi kama Pwagu alikuwa mtu wa kweli ama jina la methali tu. Na kwa kuwa swali lenyewe lilitoka kwa kijana aliyesoma hata akapewa shahada, ghadhabu ilinishika kabla ya huruma. Alikuwapo. Aliyemwigiza ni Rajabu Hatia, na mwenziwe Pwaguzi ni Ali Keto, nao waliichekesha nchi nzima kupitia Radio Tanzania Dar es Salaam, idhaa iliyozaliwa mwaka 1951 kwa jina la Sauti ya Dar es Salaam na kupata jina tulilolizoea mwaka 1965. Tarehe hizo nimezihakiki. Sasa na ziende zake, maana kwetu Makandana, Tukuyu, zama hazikuhesabiwa kwa miaka ya idhaa bali kwa uzima wa betri.

Duka tulilosikilizia lilikuwa chumba kimoja, na harufu yake ningeitambua hata leo nikiwa nimefumbwa macho: mafuta ya taa, sabuni ya mche, na makoti yaliyolowa, maana Tukuyu mvua haiji kama mgeni, hukaa kama mwenyeji. Redio ilikaa rafu ya juu, imevishwa kitambaa kilichodariziwa, na betri zilipoanza kuchoka, ambazo wenzetu wa pwani wangezianika juani, mzee mwenye duka alizipasha kando ya figa jikoni, akizigeuzageuza kwa taadhima, wala hakumruhusu mtoto kuzigusa asilani.

Aghalabu mchezo ulipoanza, nasi tumejaa hata mlangoni, mvua nayo ilianza, ikalipiga bati kwa kishindo hata sauti za wale wajanja wawili, waliokula njama ya kumlaghai mtu kisha wakalaghaiana wenyewe kwa wenyewe, zikapotea kabisa. Hapo mzee alipanda juu ya kreti la soda, akatia sikio redioni, akatusimulia kwa sauti kuu aliyoyasikia, nusu kwa Kiswahili na nusu kwa Kinyakyusa kwa ajili ya akina mama wazee, basi tukacheka sisi ilhali Tanzania nzima imekwisha kucheka. Wala hakuwa mfasiri mwaminifu. Kinywani mwake nazi ziligeuka mikungu ya ndizi, mitaa ya Dar es Salaam ikawa njia ya Katumba, na mjinga aliyelaghaiwa akapewa, kila mara, tabia za mteja mmoja mwenye deni sugu, aliyesimama pale pale akicheka kuliko wote.

Hatia na Keto hatukupata kuwaona, na majina yao halisi niliyajua baada ya miaka mingi. Hiyo ndiyo kazi ya mwigizaji wa redio: kupata sifa kwa jina lisilo lake, akapita sokoni pasi na mtu kugeuka mpaka afumbue kinywa. Naona palikuwa na dhuluma kidogo hapo, na uhuru mkubwa. Siku hizi mchekeshaji huvaa suruali inayompwaya, huanguka, kisha hutangulia kucheka yeye ili tujue mzaha ulipo.

Ikaja 1994, na redio na televisheni za watu binafsi. Wakaja waigizaji wa Kaole, wakaja wachekeshaji wa Ze Comedy, zikaja simu. Duka likawa kibanda cha kutuma pesa.

Mzee alipofariki, tuliokesha msibani tulikumbushana mchezo mmoja wa usiku wa mvua kubwa, kila mtu akatoa mwisho wake, na hakuna mwisho uliolingana na mwenziwe, kwa kuwa hakuna miongoni mwetu aliyeisikia redio yenyewe. Yule mwenye deni, mvi tupu kichwani, akatunyamazisha: yeye ndiye anayeukumbuka sawasawa, akasema, maana ulimhusu.