Mistari Mitatu

Fomu ya kozi ya ukocha, leseni D ya CAF, ilikuwa na mistari mitatu tu chini ya neno "Uzoefu". Kaka aliitazama kwa muda, kisha akanisogezea kalamu. "Mdogo wangu, wewe ndiye msomi. Andika."

Nilikuwa nimerudi Mbagala kwa likizo fupi, tasnifu yangu ya uzamili nimeiacha katikati. Tulikaa barazani, mguu wake wa kulia ameunyoosha juu ya stuli, kama anavyofanya kila jioni tangu goti liharibike.

"Haya, taja timu."

Alitaja nane. Tanga, misimu miwili. Mbeya, ambako aliipandisha timu Ligi Kuu akaachwa kabla msimu haujaanza. Mwanza. Sur, kule Oman. Nampula, Msumbiji. Nyingine tatu zilikuwa za miezi minne au mitano, kuanzia dirisha dogo hadi ligi inapoisha.

Sur aliisimulia kwa furaha, wazee wa pale walivyomsalimia kwa Kiswahili walichorithi kwa bibi zao. Lakini nusu ya msimu hakucheza. Hati yake ya uhamisho wa kimataifa, ITC, ilichelewa, na bila hiyo mchezaji hasajiliwi. Mazoezini alikuwa nao. Siku ya mechi alikaa jukwaani.

Nampula aliipitia haraka. Miezi mitatu bila mshahara.

Nikamweleza nilichowahi kusoma, kwamba tangu 2018 kanuni za FIFA zinamruhusu mchezaji anayedai mishahara ya miezi miwili kuvunja mkataba, baada ya kuipa klabu notisi ya siku 15.

"Haki ilikuwepo," akasema. "Nauli ndiyo haikuwepo."

Kuna jambo sijawahi kumwambia. Tarehe 1 Machi 2020 nilikuwa kidato cha sita, nimebanana na watu kwenye banda umiza, Samatta alipoifungia Aston Villa kwa kichwa pale Wembley dhidi ya Manchester City. Banda zima liliruka. Villa walipoteza fainali ile 2-1, lakini kwetu jina la mtaa lilikuwa limefika Wembley. Jirani akanigeukia: "Na yule kaka yako vipi?" Nikajibu, "Siku hizi hachezi." Siku hiyo alikuwa kwenye basi la timu, akitoka Mwanza kwenda Shinyanga.

Sasa nilipokuwa nikiandika, timu zake zilianza kujipanga na madaftari yangu. Mwaka wa Sur ndio niliopelekwa shule ya bweni. Mwaka wa Nampula nilikuwa mwaka wa kwanza chuoni. Kalamu ikasimama.

"Kaka, kama hukulipwa Nampula, ile ada ya muhula wa pili ilitoka wapi?"

Akajikuna shingo. "Si nilisharudi? Nilikuwa nacheza ndondo."

Ndondo naijua. Unakodiwa kwa mechi moja, unalipwa jioni ileile, uwanja mkavu kama sakafu, na ukiumia hakuna anayekudai wala unayemdai. Wengi walioonja Ligi Kuu huzicheza kimyakimya.

"Wiki ngapi?"

"Kila Jumamosi na Jumapili. Mpaka ikatimia."

Nyumbani tuliambiwa goti liliumia mazoezini Nampula. Mama hadi leo huilaumu nchi ya watu.

"Na goti?"

Hakujibu. Aliushusha mguu polepole kutoka kwenye stuli, akaukunja kadiri unavyokubali, akaunyoosha tena. "Andika, mdogo wangu. Fomu inatakiwa kesho."

Niliandika timu zote nane kwa herufi ndogo, zikajaza mistari mitatu na kuingia pembezoni. Nilipotaka kuongeza ndondo akanizuia: hiyo si timu, hata jezi walikuwa wanazichukua baada ya mechi.

Alipoingia ndani kuoga, niliigeuza karatasi nikaiandika nyuma.